Supu ya Vitunguu Ambayo Rubona Haitaki Kuionja

Saa tisa alasiri, siku ya Ijumaa, mtuhumiwa anavunja shingo.

Anavunja moja, anaiweka kando, anavunja nyingine. Kwa ukucha wa kidole gumba anapasua tumbo, anatoa utumbo mweusi usiozidi mbegu ya papai na kuwatupia bata. Shingo hizo ni za sambaza, samaki wadogo wa Ziwa Kivu waliokaushwa juani. Mtuhumiwa ni Epiphanie Mukankusi, mama wa miaka hamsini na mmoja, mkazi wa Rubona, kwenye mteremko unaotazama bandari.

Tuhuma: sumu.

Waliokufa: hakuna. Waliougua: hakuna. Walioonja: tutafika huko.

"Uchungu wote uko kwenye utumbo," anasema Epiphanie bila kuinua macho. "Ukiacha wa samaki watatu tu, sufuria nzima inaharibika. Watu wanadhani kazi ya supu ni kutia vitu. Kazi ya supu ni kutoa."

Pembeni yake jiko la makaa limewekewa wavu, na juu ya wavu kuna vitunguu vyekundu vilivyokatwa nusu, maganda yakiwa bado mwilini, vimelazwa kifudifudi. Vinaungua. Moshi wake mtamu unapanda mteremko, unapita juu ya ua wa jirani, na jirani anafunga dirisha.

Zamani, anasema Epiphanie, moshi huo ulikuwa kengele. Watu wakiusikia walianza kuja na vikombe vyao. Siku hizi moshi ni uleule ila unafunga madirisha.

Anachopika ni supu ya vitunguu ya Kijapani. Msomaji asicheke. Ni supu isiyo na nyanya, isiyo na unga, isiyo na karanga, na isiyo na rangi ila ile ya chai iliyosahauliwa. Ukiimimina kwenye bakuli unaona mpaka chini. Katika wilaya ambayo mchuzi usiosimama wenyewe kwenye kijiko huhesabiwa kuwa msiba wa kifamilia, kuuza kitu kama hicho ni ujasiri wa kijeshi.

Epiphanie hakuusomea ujasiri huo. Alizaliwa Karagwe, Tanzania, wazazi wake wakiwa ukimbizini, akarudi nao huku kwao akiwa binti. Kiswahili chake bado ni cha huko, kimenyooka kama shati lililopigwa pasi, na majirani humtania kwa hicho. Alifanya kazi za ndani katika nyumba kadhaa za mjini Gisenyi, mpaka alipofika kwa mhandisi mmoja Mjapani, Bwana Tanabe, aliyekuja na mkewe kupima gesi iliyo chini ya ziwa.

Bwana Tanabe alipima gesi. Mkewe, ambaye Epiphanie mpaka leo anamwita Mama Tanabe, alipima mpishi.

"Wiki ya kwanza alinipa kitunguu kimoja na kisu, akaniambia nikate. Nikakata kama tunavyokata. Akachukua vile vipande, akaviangalia kama mtu anayeangalia picha ya ajali, akanipa kitunguu kingine."

Alifundishwa kuunguza kitunguu bila kukifanya mkaa. Alifundishwa kuanza na maji baridi, kutia karoti, sereri, tangawizi na mifupa ya kuku, kuacha moto uwe mdogo, kuondoa povu kila linapojitokeza, na kutokoroga kabisa, hata shetani akimshika mkono. Samaki wa kukausha wa kwao walipomwishia Mama Tanabe, ni Epiphanie aliyemletea sambaza. Mama yule aliwanusa, akamwinamia mpishi wake kwa heshima. Epiphanie hakujua afanye nini, akapiga magoti.

Kulikuwa na sheria moja zaidi katika nyumba ile. Mpishi huonja jikoni, kwa kisahani chake. Bakuli likishafunikwa kwa ajili ya mgeni, ni la mgeni, na hakuna mdomo mwingine unaoruhusiwa kulikaribia. Kuonja mbele ya mgeni, alisema Mama Tanabe, ni kumwambia kwamba hukuwa na uhakika na kazi yako.

Tafadhali msomaji, shika sheria hiyo. Ni kielelezo cha kwanza.

Mkataba wa gesi ulipokwisha, akina Tanabe waliondoka. Walimwachia Epiphanie mshahara wa ziada, sufuria kubwa na bakuli nyeusi zenye vifuniko. Akaanza kupika nyumbani kwake.

Mwanzoni Rubona waliiita supu hiyo maji ya kuoshea sahani. Lakini Rubona iko jirani na kiwanda kikubwa cha bia, na kijiji kilicho jirani na kiwanda cha bia kina maradhi yake, nayo huanza asubuhi. Mpagazi mmoja wa bandarini, Jado, alikuwa wa kwanza kupona. Alikuja Jumatatu ameshika kichwa kwa mikono miwili, akanywa bakuli, kisha akatangaza kwa mtaa mzima: "Hii maji iko na akili!"

Tangu hapo, bakuli moja kwa faranga mia tano, sufuria ilikuwa inakauka kabla ya adhuhuri. Wapagazi walikunywa, madereva wa mabasi madogo walikunywa, wauguzi waliotoka zamu walikunywa. Kwa supu hiyo Epiphanie aliezeka nyumba upya na kumsomesha ufundi wa nywele binti yake, Larissa. Hata mwalimu wa kwaya alikunywa, akisema ni kwa ajili ya koo.

Kisha Epiphanie akapewa heshima kubwa, na heshima hiyo ndiyo iliyommaliza.

Rafiki yake mkubwa ni muuza vitunguu katika soko la Mahoko. Tumwite Drocella, amesema tusiandike jina lake, nasi ni watu wa kutii. Urafiki wao ulianzia kwenye gunia. Drocella alikuwa akimtengea Epiphanie vitunguu vya Nyundo vyenye shingo nyembamba, vile vinavyodumu, na Epiphanie alikuwa akimlipa kwa pesa na kwa supu.

Mwezi Juni, familia ya kijana mmoja wa Nyundo ilikuja kumposa Cyuzuzo, binti wa Drocella. Mama wa binti alitaka wakwe waone kitu ambacho hawajawahi kukiona. Akamwita Epiphanie na bakuli zake nyeusi.

Asubuhi ya siku hiyo, jikoni kwa Drocella, sufuria ikiwa tayari, mwenye nyumba aliingia amevaa mushanana, vazi lake la sherehe la hariri, akafunga mlango, akachukua upawa, akaonja.

"Alionja mara ya kwanza kujua kama chumvi imekolea," anasimulia Epiphanie. "Mara ya pili alionja kwa sababu anapenda. Akaokota na vitunguu vilivyokaangwa kwa unga kidogo, vile vya kunyunyiza juu. Akala vingi. Tulicheka mpaka nikamfuta unga mdomoni."

Hicho ni kielelezo cha pili, na ndicho kitakachotuuma.

Wakwe walikaa. Hotuba zilitolewa, ng'ombe walisifiwa, akiwamo mmoja ambaye bado hajazaliwa. Kisha Epiphanie akatoka na sinia, akaweka bakuli la kwanza mbele ya msemaji wa wakwe, Mzee Hakizimana, baba mkubwa wa bwana harusi, mtu mwenye mashamba mengi na maoni mengi zaidi. Akaweka bakuli, akarudi nyuma hatua moja, akainama kidogo.

Mzee Hakizimana hakuligusa.

Huku kwetu mtu hakupi kinywaji kabla hajakionja machoni pako. Chupa hufunguliwa mbele yako, mwenye nyumba hupiga funda la kwanza, hungoja kidogo asianguke, ndipo anakukabidhi. Hakuna anayekwambia ni kwa sababu ya sumu. Ni adabu tu, kama ilivyo adabu kufunga mlango usiku, na hakuna anayekwambia ni kwa sababu ya wezi.

Mzee alifunua kifuniko. Mvuke ukapanda. Akatazama chini ya bakuli, akaona ua lililochorwa humo, akaona kila jani la ua hilo.

"Nani ameonja hii?" akauliza.

Epiphanie alijibu kama alivyokuwa amejibu kwa miaka yote katika nyumba ya Tanabe: "Muzehe, hii haionjwi mbele ya mgeni."

Anapofika hapa katika kusimulia, anaacha samaki.

"Naijua desturi yetu," anasema. "Mimi si mtoto. Kila siku hapa nyumbani nilikuwa naonja mbele ya wateja, bila hata kufikiri, kwa vikombe vyao. Lakini bakuli zile nyeusi… nikishika zile, mikono inakuwa ya kule. Nilikuwa namheshimu. Nilikuwa namwambia hakuna mdomo uliogusa chakula chake. Nikanyoosha mkono nimwonjee, akalivuta bakuli. Akasema: 'Sasa unaonja kwa sababu nimeuliza?'"

Mzee Hakizimana alirudisha kifuniko. Wa pembeni yake naye akarudisha. Sauti za vifuniko zikaenda mstari mzima, tak, tak, tak, mpaka kwa bibi wa mwisho ambaye, wanasema mashahidi, alikuwa ameshaanza kupuliza.

Sasa mtu mmoja tu angeweza kuokoa meza ile. Mwenye nyumba angesema, "Wakwe zangu, nimeionja mwenyewe jikoni, tena mara mbili."

Drocella alikuwa amesimama mlangoni. Hakusema.

Wasomaji wa mbali watamwona mwovu. Wasomaji wa hapa wanajua hesabu aliyoipiga. Mwanamke mzima kulakula jikoni, tena mama wa bibi harusi, tena wageni wakiwa wamekaa na njaa uani, anaitwa jina moja tu: mwenye inda nini, yaani tumbo kubwa, mlafi. Jina hilo haliishii kwake. Linapanda gari na binti yake kwenda ukweni, linakaa naye mezani, linamhesabia matonge.

Na Epiphanie? Mbona naye hakusema?

"Nyumba ilikuwa yake, wageni walikuwa wake," anajibu. "Mpishi hamsemei mwenye nyumba. Nilimtazama. Nikajua atasema. Nikangoja. Nilipomaliza kungoja walikuwa wameshaagiza bia."

Posa ilipita salama. Cyuzuzo aliolewa Agosti, na sasa ni mjamzito. Supu ilimwagwa kwenye migomba ya Drocella, ambayo, tunathibitisha baada ya kuikagua kwa macho yetu wenyewe, imestawi sana.

Ugumu wa kesi hii ni kwamba hakuna aliyekunywa. Angekunywa mtu mmoja akaugua, pangekuwa na daktari, na vipimo, na jibu. Angekunywa mtu mmoja akakaa salama, pangekuwa na kicheko. Lakini sumu ambayo haikunywewa haiwezi kukanushwa. Mahakama ya Rubona haina jengo. Hukaa kwenye bomba la maji, saluni na kwenye foleni ya basi. Wiki moja ilitosha. Epiphanie akawa mrozi, jina wanalopewa hapa watu wanaolisha wenzao sumu.

"Wengine walisema nimejifunza Tanzania," anasema. "Wengine, Japani. Sijawahi kupanda ndege. Wengine walikumbuka mbwa aliyekufa mwaka juzi. Mbwa yule aligongwa na lori!"

Wateja walikatika mmoja mmoja, kwa adabu. Hakuna aliyemtukana. Walikuwa wamepata kifungua kinywa mahali pengine, au daktari amewakataza chumvi. Larissa, ambaye ana kiti chake katika saluni moja ya Gisenyi, alikuwa na mchumba. Mchumba huyo naye amekatazwa chumvi.

"Mimi walinifungia mlango, sawa," anasema Epiphanie. "Nimekula ujana wangu. Lakini ulafi na urozi vinafanana kwa jambo moja, vyote vinarithiwa. Drocella alimlinda mtoto wake. Wangu je?"

Ndiyo maana Ijumaa hii anavunja shingo za samaki. Kesho ni Jumamosi ya mwisho wa mwezi, siku ya umuganda, mtaa mzima utatoka kwa kazi ya pamoja, na baada ya kazi kuna mkutano. Ameamua kupeleka sufuria. Atakunywa mbele ya wote. Wasiporidhika, atamgeukia Drocella na kusema hadharani kilichotokea jikoni.

"Nimebeba adabu yake miezi mitano," anasema. "Kesho naitua."

Jumamosi mtaa unachimba mtaro wa maji ya mvua. Epiphanie anachimba kwa jembe lake mwishoni mwa mstari, na nafasi kati yake na jirani yake inatosha kupitisha ng'ombe. Kazi inapokwisha watu wanakaa kwenye nyasi. Mkuu wa mudugudu, yaani kitongoji, Bwana Rugwiro, anasoma ajenda: usafi, bima ya afya, mbuzi wanaozurura.

Epiphanie anasimama.

"Mkuu, naomba dakika."

"Ya nini, Mama Larissa?"

"Ya supu."

"Supu haimo kwenye ajenda."

"Mimi nimo kwenye ajenda ya kila nyumba hapa tangu Juni," anasema Epiphanie. "Sikuona mtu akiomba ruhusa."

Watu wanaguna. Bwana Rugwiro anatazama karatasi yake kama itamsaidia, kisha anakaa.

Epiphanie anafungua kitenge alichoifungia sufuria. Anachota, anajaza bakuli jeusi, analiinua ili walione, anakunywa. Hanywi funda moja la adabu. Anakunywa lote, anakula uyoga, anakula majani ya kitunguu, anageuza bakuli juu chini. Halidondoshi hata tone.

"Yebaba we," sauti inasema. "Iko anamaliza yote!"

Kwa muda mfupi inaonekana kama kesi imekwisha. Kisha sauti nyingine, ya mwanamke aliye nyuma, inasema polepole, bila chuki, kama mtu anayekumbusha bei ya mkaa: "Mulozi iko na dawa yake. Anakunywa hapa, anaenda kumeza ingine ku nyumba."

Vichwa vinatikisika. Ni kweli. Nani asiyejua hilo?

Epiphanie anamgeukia Jado, yule mpagazi aliyepona kabla ya wote.

"Jado, mwanangu. Umekunywa hapa kwangu miaka mingapi?"

Jado anasimama kabisa, kofia mkononi. "Mama Larissa, mi nakupenda, Mungu anaona. Lakini niko na watoto."

Anakaa. Hakuna anayecheka. Bata wangecheka, lakini hawakualikwa.

Amebaki mmoja. Drocella amekaa upande wa wanawake wa kanisani, jembe magotini, anakwangua udongo kwa kijiti. Epiphanie anajaza bakuli la pili, analifunika, analibeba kwa mikono miwili mpaka mbele yake.

"Mama Cyuzuzo."

"Karame, Mama Larissa," anaitika Drocella.

"Nimekuletea."

Mtaa mzima unajua kwamba wawili hawa hawajaongea tangu Juni. Mtaa mzima haujui kwa nini. Drocella anatazama bakuli, anatazama mikono iliyolishika. Mate yanamshuka kooni. Waliokaa karibu wameyaona.

"Asante sana," anasema hatimaye, kwa tabasamu la mwanamke aliyelelewa vizuri. "Mi nimeshiba."

Ni jibu lisilo na kosa. Hakuna anayelazimishwa kula akishasema hivyo. Hata kumsihi ni utovu wa adabu. Epiphanie anabaki amesimama. Maneno aliyokuja nayo yako mdomoni. Anahitaji tu kuufungua.

"Haya," anasema. "Ukisikia njaa, nyumba unaijua."

Anarudi kwenye sufuria. Bwana Rugwiro anaendelea na mbuzi.

Kwa masilahi ya uchunguzi, mwandishi wa makala haya alimsaidia Epiphanie kuishika sufuria upande mmoja kupanda nayo mteremko, na kwa masilahi hayohayo alikunywa bakuli mbili. Ni supu yenye utamu wa kitunguu kilichoungua, kwa mbali ina ziwa ndani yake. Hadi tunakwenda mitamboni mwandishi hajafa, ingawa mhariri wake hajakata tamaa.

Epiphanie hakufurahishwa na habari hizo.

"Wewe huhesabiwi," alisema. "Wewe ni wa kupita. Watasema umelipwa."

Kwa nini hakusema?

Alikaa kwenye kigoda, akavua viatu vyenye matope. "Niliona tumbo lake."

Tumbo la Drocella?

"La Cyuzuzo. Alikuwa amekuja kumwona mama yake, amekaa kule nyuma na mimba yake. Nikasema moyoni, nikifungua mdomo, huyu atarudi ukweni kesho akiwa mtoto wa mlafi, na mjukuu wa mlafi yuko njiani. Watoto wawili kwa mmoja wangu." Alivigonganisha viatu, matope yakadondoka. "Halafu nikajichukia. Hiyo usiandike. Au andika, basi."

Mahoko, siku ya soko, Drocella yuko nyuma ya mlima wa vitunguu, sauti yake inasikika kabla yake. Anamkaribisha mwandishi, anamuuzia kilo mbili ambazo hakuziomba, na anapoulizwa kuhusu jikoni, hakani.

"Nilionja, ndiyo," anasema. "Mara mbili. Na vile vya kukaanga nilikula, we! Ilikuwa muzuri sana. Lakini ningesema nini mbele ya bakwe? Ati mama ya bibi harusi iko anakulakula mu jikoni, wageni banaona njaa inje? Bon, si bangemurudisha mtoto?"

Na sasa, binti akiwa ameshaolewa?

"Sasa ni mubaya zaidi. Nikisema leo, bataniuliza: miezi yote ulikuwa wapi? Nitakuwa mlafi na muongo." Anapanga vitunguu upya, vikubwa mbele. "Epi ni mutu muzuri kunipita. Najua. Kila siku namutengea vitunguu vyake, vile vya shingo ndogo. Haji kuvichukua. Vinaoza."

Anajua kwamba haya yataandikwa?

Drocella anacheka kwa mara ya kwanza. Anachukua ukurasa wa gazeti kutoka kwenye lundo lililo chini ya meza, anaukunja kuwa pakiti, anautia pilipili za mteja. "Andika tu, mwanangu. Hapa gazeti ni ya kufungia."

Mwandishi alipompelekea Epiphanie habari hizo, alitegemea machozi, au angalau shangwe. Hapakuwa na kimojawapo.

"Amekwambia wewe," alisema. "Miezi mitano nalilia mdomo wake, ameupeleka sokoni kwa mtu wa kupita. Na gazeti halina mdomo. Wataamini nini? Wataona nimekutuma."

Alikuwa anapika tena, sufuria ndogo, ya kula yeye na Larissa. Aliondoa povu, akaondoa tena. Kisha akasema jambo ambalo, kwa mujibu wa Larissa, hajawahi kumruhusu mtu yeyote.

"Andika namna ya kuipika."

Kwa miaka yote, namna ya kuipika ndiyo iliyokuwa shamba lake. Hoteli mbili za ufukweni zilimtumia watu waulize. Akawapa supu wakanywa, maelezo hawakupewa. Hata Larissa alifundishwa kwa sharti. Sasa alikaa wima kama anayesomewa kiapo, akaanza.

"Vitunguu vinne vyekundu. Usimenye. Kata nusu, laza juu ya makaa mpaka uso uwe mweusi, si mpaka ndani. Sambaza wa kukauka viganja viwili, toa vichwa na utumbo. Mifupa ya kuku ukiwa nayo. Karoti, sereri, kipande cha tangawizi, kitunguu saumu. Maji baridi, andika baridi. Moto mdogo. Likija povu, toa. Usikoroge. Jua likihama kutoka mlango mmoja mpaka mwingine, imeiva. Chuja kwa kitambaa cheupe, usikamue. Chumvi. Kitunguu kingine kikate kama nyuzi, kitie unga kidogo, kaanga, nyunyiza juu. Uyoga mwembamba na majani ya kitunguu. Basi. Hakuna kingine. Waambie hakuna kingine."

Larissa alikuwa amesimama mlangoni, sega mkononi. "Mama," alisema, "sasa hoteli zitapika. Kila mtu atapika. Nani atakuja kununua kwako?"

"Kwani sasa nani anakuja?"

"Lakini baadaye…"

"Wapike kwao," alisema Epiphanie. "Kwa maji yao, kwa vitunguu vyao, kwa mikono yao. Wakinywa wakalala wakaamka, watajua nilichokuwa nimebeba kwenye sinia siku ile. Hawatakuja kuniomba radhi, watu hawaji. Wala hawatanunua, watakuwa wanajua kupika. Mpishi asiye na wateja ni maskini tu, Larissa. Hilo ni jina ninaloweza kulibeba."